Kijana aliyeamini, kisha akauliza: maisha ya Leszek Kołakowski



Leo historia yetu inatupeleka Poland, lakini tutaanzia hapa karibu. Ukifika Tengeru, karibu na Arusha, utakuta makaburi ya Wapolandi. Ukifika Nyabyeya, upande wa Masindi kule Uganda, utakuta kanisa walilojenga Wapolandi. Hao hawakuja kama mabwana wakoloni. Walikuwa wakimbizi. Mwaka 1940 na 1941 serikali ya Stalin, mkuu wa Muungano wa Kisovieti, iliwatoa kwa nguvu mamia ya maelfu ya watu mashariki ya Poland na kuwapeleka Siberia na Kazakhstan. Wengi walikufa kwa njaa na baridi. Waliofanikiwa kutoka walipitia Iran, na kuanzia 1942 maelfu yao, wengi wakiwa akina mama na watoto, wakaletwa katika makoloni ya Waingereza huku kwetu. Tengeru peke yake ilipokea watu kama 5,000.

Vita vilipoisha mwaka 1945 waliulizwa swali ambalo sisi tunalijua vizuri: mnarudi nyumbani au hamrudi? Wengi wakakataa. Nyumbani palikuwa pameshakuwa chini ya wakomunisti waliowekwa na Stalin yule yule.

Sasa, mwaka huo huo wa 1945, ndani ya Poland kulikuwa na kijana wa karibu miaka 18 aliyefanya kinyume kabisa. Yeye aliwafuata wakomunisti kwa hiari yake na kwa moyo wote. Kijana huyo ndiye baadaye akaandika moja ya vitabu vizito kabisa duniani vya kuukosoa Umaksi, akafukuzwa kazi, akaishia ughaibuni. Jina lake Leszek Kołakowski. Linatamkwa karibu na "Leshek Kowakofski". Tunataka kuelewa kitu kimoja tu: mtu anatokaje pale mpaka hapa, na njiani aliona nini?

KWA NINI ALIAMINI

Alizaliwa tarehe 23 Oktoba 1927 katika mji wa Radom. Alipokuwa na miaka 11, Wajerumani wa Hitler wakavamia nchi. Walifunga shule za sekondari kwa Wapolandi, maana kwa mawazo yao Mpolandi alitakiwa awe kibarua tu, elimu ya nini? Kwa hiyo Kołakowski hakukaa darasani kama watoto wengine. Alisoma vitabu alivyovipata, akafundishwa kwa siri hapa na pale, na mtihani wa kumaliza sekondari akaufanya katika shule za siri zilizoendeshwa na walimu wa Poland. Mwalimu akikamatwa aliweza kuuawa. Mwaka 1943 polisi wa siri wa Kijerumani walimuua baba yake.

Basi vita vinaisha, nchi ni kifusi. Wayahudi wa Poland, karibu milioni tatu, wameuawa. Wakomunisti wanakuja na kusema: sisi ndio tuliompiga Hitler, sisi tutamaliza umaskini, ubaguzi na ukabila, tutajenga dunia mpya. Kijana aliyeona hayo yote, anayechukia chuki za zamani, aseme hapana? Wazee wengine walisema hapana, kweli. Lakini tusimhukumu haraka. Wengi wetu tumeshakutana na watu waliokuja na ahadi kama hizo, na si wote waliowafuata walikuwa wabaya. Wengine walikuwa na kiu ya haki tu.

Akasoma falsafa katika mji wa Łódź, halafu Warsaw. Alikuwa hodari, na alikuwa mkali. Aliandika kulishambulia Kanisa Katoliki. Mwaka 1950 alitia saini, pamoja na wanafunzi wenzake wa chama, barua ya kumshambulia profesa mzee aliyeheshimika sana, Władysław Tatarkiewicz, kwa sababu mafundisho yake hayakuendana na chama. Profesa akaondolewa kufundisha. Tunaomba mkumbuke jambo hili, tutalirudia.

MACHO YANAFUNGUKA

Mwaka huo huo wa 1950 chama kilimpeleka Moscow pamoja na vijana wengine wasomi, wakajionee nchi ya mfano. Badala ya kurudi na moto zaidi, alirudi na maswali. Aliona umaskini wa watu na umaskini wa mawazo. Wasomi wakubwa walikuwa wakirudia maneno yale yale kama kasuku.

Hakuacha siku hiyo hiyo. Watu wengi hawaachi imani kwa siku moja. Stalin akafa 1953. Februari 1956 kiongozi mpya wa Kisovieti, Khrushchev, akakiri mbele ya wanachama kwamba Stalin alifanya maovu makubwa. Juni 1956 wafanyakazi wa mji wa Poznań wakaingia barabarani kudai mkate na uhuru. Jeshi likawapiga risasi, makumi wakafa. Hebu fikiria: serikali inayojiita ya wafanyakazi inaua wafanyakazi wanaoomba mkate.

Kołakowski wakati huo alikuwa mwalimu kijana, na aliandika katika gazeti la wanafunzi na vijana wa Warsaw lililoitwa Po Prostu. Mwaka 1956 aliandika makala fupi yenye swali: usoshalisti ni nini? (Hatutumii neno "ujamaa" hapa, tusije tukachanganya na Ujamaa wa Mwalimu Nyerere, ambao ulikuwa na mizizi yake mwenyewe.) Badala ya kujibu moja kwa moja, aliorodhesha mambo ambayo si usoshalisti, moja baada ya jingine, na kila msomaji aliona wazi kwamba ile orodha ni nchi yake anayoishi. Serikali ilizuia makala isichapishwe. Watu wakainakili, ikapita mkono kwa mkono. Mwaka uliofuata gazeti lenyewe likafungwa, na vijana wa Warsaw wakaandamana kulitetea.

Hapo bado alijiita mkomunisti! Alidhani nyumba ni nzuri, ni wapangaji tu waliochafua, kwa hiyo tuifagie. Kwa miaka kumi alijaribu kufagia. Oktoba 1966, ikiwa ni miaka kumi tangu mabadiliko ya 1956, alialikwa na wanafunzi kuzungumza Chuo Kikuu cha Warsaw. Akasema wazi kwamba ahadi za 1956 hazikutimizwa na uhuru haupo. Chama kikamfukuza mara moja.

Machi 1968 wanafunzi waliandamana tena, baada ya serikali kupiga marufuku tamthilia ya zamani ya mshairi Mickiewicz. Serikali ikajibu kwa virungu, halafu ikaanzisha kampeni ya chuki dhidi ya Wayahudi, ikisema wao ndio wachochezi. Zaidi ya Wayahudi 10,000 walilazimika kuondoka Poland. Mke wake Kołakowski, Tamara, daktari wa magonjwa ya akili, alikuwa na asili ya Kiyahudi. Mwezi huo Kołakowski na maprofesa wenzake kadhaa, akiwemo Zygmunt Bauman, walifukuzwa chuo kikuu.

Sasa turudi kwa yule profesa mzee. Miaka 18 ilikuwa imepita tangu barua ile. Aliyesaidia kumwondoa mwalimu darasani kwa sababu ya mawazo yake, sasa anaondolewa yeye kwa sababu ile ile. Kisu kile kile. Hatuandiki hivi ili tumcheke. Tunaandika kwa sababu vijana wengi tunadhani kisu tukikishika sisi, wenye nia njema, kitakata wabaya tu.

Mwisho wa 1968 akaondoka na familia yake. Alifundisha Montreal, Kanada, halafu Berkeley, Marekani, na kuanzia 1970 akakaa Oxford, Uingereza. Nyumbani, vitabu vyake vilipigwa marufuku.

ALISEMA NINI KUHUSU UMAKSI?

Karl Marx alikuwa Mjerumani wa karne ya 19. Kwa ufupi sana, alisema hivi: watu wachache wanamiliki viwanda na ardhi, wengi hawana kitu ila nguvu zao wanazoziuza. Ugomvi huo wa matabaka ndio unaoendesha historia. Siku moja wafanyakazi watapindua, umiliki binafsi wa viwanda utaisha, na mwisho tutakuwa na jamii isiyo na matabaka, ambayo binadamu hagombani tena na mwenzake wala hahitaji serikali ya kumkandamiza.

Kati ya 1976 na 1978 Kołakowski alitoa kitabu chake kikubwa, juzuu tatu, zaidi ya kurasa elfu moja, kinachofuatilia Umaksi tangu mizizi yake ya kale hadi kuporomoka kwake. Kwa Kipolandi kilichapishwa Paris, maana kwao kisingeruhusiwa. Hakumtukana Marx. Alimsoma kwa makini kuliko wafuasi wengi wa Marx, akakubali kwamba alitufundisha kutazama uchumi tunapotaka kuelewa historia.

Lakini swali lake kubwa lilikuwa hili: je, Stalin aliuharibu Umaksi, au aliutoa humo humo ndani? Watu wengi wa mrengo wa kushoto walisema wazo lilikuwa zuri, watekelezaji ndio wabaya. Kołakowski alijibu kwa tahadhari. Hakusema Marx alitaka mauaji, wala kwamba lazima Umaksi uzae Stalin kila mahali. Alisema Stalin hakuzusha kitu kigeni: mbegu ilikuwamo. Mbegu hiyo ni ndoto ya umoja kamili.

Tuchukue mfano wetu wenyewe. Fikiria bomba la maji, kaya 200, ndoo nyingi. Ugomvi lazima uwepo. Tunaupunguza kwa utaratibu: foleni, zamu, kamati iliyochaguliwa, mahali pa kupeleka malalamiko. Ugomvi hauishi, ila watu hawaumizani. Halafu anakuja mtu anasema: "Mnagombana kwa sababu hamna umoja. Vunjeni kamati, nipeni mimi funguo, tutakuwa kitu kimoja." Wiki ya kwanza kimya, raha. Wiki ya pili mama mmoja analalamika kwamba amerukwa zamu. Sasa atapeleka wapi? Kamati haipo. Tena akilalamika anaambiwa yeye ni adui wa umoja. Je, ugomvi umeisha? Haujaisha. Zimeisha sauti tu.

Hivyo ndivyo tunavyomwelewa Kołakowski. Binadamu hawatakosa kutofautiana, hata ukiondoa mabepari wote. Ukiahidi jamii isiyo na mgongano kabisa, utafika siku mgongano bado upo, na hapo una njia mbili: ukubali kwamba ahadi haikuwezekana, au uwanyamazishe wanaoonyesha kwamba haikuwezekana. Na kama mahakama, magazeti, vyama vya wafanyakazi na biashara vyote umeshaviweka mkononi mwa serikali moja, nani atakuzuia?

Hili si la Ulaya peke yake. Ethiopia baada ya mapinduzi ya 1974, wanajeshi wa Derg walitawala kwa jina la Marx na Lenin. Vijana wasomi wengi waliouawa miaka ya 1977 na 1978 walikuwa Wamaksi pia, wa kundi jingine. Wengine wakakimbilia Sudan na Kenya. Walitofautiana na mwenye funguo, basi.

WALIOMPINGA

Wapo waliomwambia umewasaliti maskini. Mwaka 1973 mwanahistoria Mwingereza E. P. Thompson, aliyekiacha chama cha kikomunisti mwaka 1956 lakini hakuuacha Umaksi, alimwandikia barua ya wazi ya kurasa karibu mia moja, yenye masikitiko. Kołakowski alimjibu mwaka uliofuata, kwa kejeli kali. Hoja yake moja tuliipenda: huwezi kuwa na mizani mbili. Mateso yakifanywa na serikali ya kibepari unayaita uovu wa mfumo, yakifanywa na serikali ya kimapinduzi unasema historia ni ngumu, tusubiri. Aliyefungwa haoni tofauti.

Na sisi tuna swali letu. Ubepari nao umeua. Biashara ya watumwa, mpira wa Kongo ya Leopold, migodi ya leo. Yote hayo hayakuletwa na Marx. Mwenzetu mmoja kwenye kikao alisema: "Huyu mzee alikaa Oxford, njaa ya huku angeijulia wapi?" Ni haki kuuliza. Tunachoweza kusema ni kwamba Kołakowski hakuwa muuza sera wa matajiri. Mwaka 1978 aliandika makala fupi, nusu utani, akieleza jinsi mtu anavyoweza kuwa mhafidhina, mpenda uhuru na msoshalisti kwa wakati mmoja: kujua kwamba kila jema lina gharama yake, kwamba serikali isiingilie maisha yote ya mtu, na kwamba jamii isiyojali wanyonge wake haifai. Aliacha ahadi ya pepo duniani. Hakuacha kuwajali wanaoumia.

TUMAINI LILIFANYA KAZI

Desemba 1970 serikali ya Poland iliua tena wafanyakazi, makumi yao, katika miji ya bandari ya kaskazini. Watu walikata tamaa. Mwaka 1971 Kołakowski aliandika makala kuhusu tumaini na kukata tamaa, ikachapishwa Paris katika jarida la Wapolandi wa ughaibuni, Kultura, na kuingizwa nchini kwa siri. Kwanza alipanga sababu zote zinazoonyesha kwamba mfumo ule hauwezi kubadilika. Sababu nzito, huwezi kuzicheka. Halafu akageuza meza: mfumo huu unasimama pia kwa sababu tunaamini hauwezi kubadilika. Imani hiyo ni mojawapo ya nguzo zake. Kumbe ndani yake umejaa nyufa, na watu wakisukuma kidogo kidogo, kwa pamoja, bila kusubiri mapinduzi makubwa, nafasi inapanuka.

Mwaka 1976 bei za chakula zilipanda, wafanyakazi wakagoma Ursus na Radom, ndiyo, Radom pale alipozaliwa. Walipigwa, wakafukuzwa kazi, wakafungwa. Septemba mwaka huo watu wachache waliunda Kamati ya Kutetea Wafanyakazi, KOR. Wanaofanya kazi za misaada mtapenda hapa. Hawakuanza na bunduki wala na manifesto ndefu. Walichanga pesa kwa familia za waliofungwa, wakatafuta mawakili na madaktari. Na hawakujificha: walitoa majina yao, anwani na namba za simu. Kołakowski akajiunga nao akiwa Oxford, akawa sauti yao nje na kuwasaidia kupata misaada.

Agosti 1980 mgomo wa karakana ya meli ya Gdańsk ukazaa chama huru cha wafanyakazi, Solidarność, maana yake mshikamano, kilichofikia wanachama karibu milioni kumi. Fikiria kejeli ya historia: wafanyakazi wenyewe, kwa wingi wao, wanainuka dhidi ya chama kinachojiita chao. Desemba 1981 jeshi likatangaza utawala wa kijeshi, maelfu wakawekwa ndani. Lakini tarehe 4 Juni 1989 ukafanyika uchaguzi, Solidarność ikashinda karibu viti vyote ilivyoruhusiwa kugombea, na mwaka huo Poland ikapata waziri mkuu asiye mkomunisti. Bila vita.

UGHAIBUNI

Mwaka 1985 aliandika makala ya kusifu ukimbizi. Alisema mtu anayeishi kati ya tamaduni mbili, asiye wa huku moja kwa moja wala wa kule, anapoteza uhakika, lakini anapata jicho jingine. Anaona ambacho mwenyeji haoni. Tulipolisoma wazo hilo tuligawanyika. Wengine walisema kweli, tumejifunza lugha tatu nne, tumejua kwamba hakuna kabila lenye akili peke yake. Wengine walisema: jicho jingine zuri, lakini yeye alikuwa na mshahara, maktaba, na karatasi za kusafiria. Anayesubiri kibali cha kutoka kambini asiambiwe kwamba kusubiri ni baraka. Hatukukubaliana, na kikao kiliisha bila kupiga kura. Tunadhani mzee asingekasirika.

Mwaka 2003 alikuwa wa kwanza kupewa Tuzo ya Kluge ya Maktaba ya Bunge la Marekani, dola milioni moja. Alifariki Oxford tarehe 17 Julai 2009, akiwa na miaka 81. Mwili wake ulirudishwa Warsaw na kuzikwa kwa heshima katika nchi iliyokuwa imepiga marufuku vitabu vyake.

Wale wa Tengeru na Masindi walijua tangu mwanzo kitu ambacho kijana wa Radom alikijua kwa kuchelewa, kwa sababu wao kiliwapata mwilini. Yeye alikuwa na kazi nyingine: kukubali hadharani kwamba alikosea, halafu kutumia miaka mingi kueleza kosa lilikuwa wapi, ili mwingine asilirudie kwa nia njema.

Kikao kijacho tutaanza na swali hili, njooni na majibu: katika kikundi chetu hiki hiki, mtu asiyekubaliana na uongozi anapeleka wapi neno lake, na tukisikia neno hilo huwa tunafanya nini?